Msiuze kadi ya picha kutibu ugonjwa wa umbo

Mhariri,

Likizo ya shule ikifika, vibanda vya gemu hapa Malindi, kuanzia Barani hadi Maweni, hujaa vijana, na malalamiko huwa yale yale. San Andreas imefunguka lakini magari yametandazwa na watu wote wamenenepa. Red Alert 2 imejikunja katikati ya kioo cheusi. Age of Empires II nyasi zake zimekuwa zambarau. Mzazi akiipeleka kompyuta dukani anaambiwa mashine haina nguvu, anunue kadi ya picha. Naomba nafasi katika gazeti lako nilipinge jawabu hilo. Gemu ya mwaka 2000 au 2005 haiielemei kompyuta ya leo hata kidogo. Kinachogomba ni umbo la skrini na jinsi Windows inavyolipima.

Gemu za wakati ule zilichorwa kwa skrini za uwiano wa 4 kwa 3: pikseli (vidoti vinavyounda picha) 640 kwa 480, 800 kwa 600, 1024 kwa 768. Laptopu nyingi za sasa ni za 16 kwa 9, yaani 1366 kwa 768 au 1920 kwa 1080. Picha ya 4 kwa 3 ikivutwa hadi ijaze kioo cha 16 kwa 9, kila kitu huongezeka upana kwa theluthi moja, na gurudumu likawa yai. Kadi mpya ya elfu kadhaa italichora yai hilo hilo, ila kwa kasi zaidi.

Kwa hiyo dawa ya kwanza haimo ndani ya gemu. Kompyuta nyingi zilizoko mjini hutumia picha za Intel zilizojengwa ndani ya prosesa. Kwenye draiva (programu inayoendesha picha) za zamani bonyeza Ctrl, Alt na F12 kwa pamoja. Kwenye draiva zilizofuata fungua Intel Graphics Command Center. Ingia sehemu ya Display, tafuta Scaling au Scale, kisha chagua "Maintain Aspect Ratio". Ukikuta pamewekwa "Center Image", hapo ndipo Red Alert 2 ilipopatia ule udogo wake wa katikati. Wengi hukwama hapa kwa sababu chaguo lenyewe halionekani. Skrini ikiwa kwenye rezolusheni (idadi ya pikseli) yake kamili hakuna cha kupanuliwa, hivyo draiva huficha machaguo hayo. Teremsha kwanza rezolusheni ya Windows hadi 1024 kwa 768, chaguo litajitokeza, liweke, halafu urudi 1366 kwa 768. Wenye kadi ya NVIDIA waingie NVIDIA Control Panel, "Adjust desktop size and position", wachague "Aspect ratio", wapange kazi ifanywe na GPU, yaani kadi yenyewe, na watie alama kwenye kisanduku kinachozuia gemu kubadilisha uamuzi huo.

Baada ya hapo utaona mistari myeusi pembeni. Kwenye laptopu ya 1366 kwa 768 ni pikseli 171 kila upande. Kwenye 1920 kwa 1080 ni 240. Mistari hiyo si ugonjwa, ni nafasi ambayo gemu haikuwahi kuichora. Kusema kweli, kwa upande wa umbo, anayecheza Red Alert 2 au Age of Empires hahitaji zaidi ya hapo, na angeweza kuacha kusoma barua hii sasa hivi akaenda zake kucheza.

Kitu cha pili ni ukuzaji wa Windows. Laptopu nyingi za 1920 kwa 1080 hutoka kiwandani zikiwa na ukuzaji wa asilimia 125 au 150 ili maandishi yasomeke. Gemu ya zamani haijui habari hiyo. Ikiuliza ukubwa wa skrini, kwa asilimia 125 huambiwa 1536 kwa 864, na kwa asilimia 150 huambiwa 1280 kwa 720. Matokeo yake picha hukatwa upande wa kulia na chini, au mshale wa kipanya huonekana mahali pamoja na kubofya kukatokea mahali pengine. Usiteremshe ukuzaji wa mashine nzima kwa ajili ya gemu moja. Bofya kulia faili ya .exe ya gemu, Properties, Compatibility, "Change high DPI settings", tia alama kwenye kisanduku cha chini, na uchague "Application". Ukurasa huo huo una "Disable fullscreen optimizations". Litie alama iwapo gemu hutoka nje yenyewe au skrini humetameta kila unapobonyeza Alt na Tab.

Sasa tuje kwa San Andreas. Ilipotoka kwa kompyuta mwaka 2005 ilikuja na chaguo la skrini pana, lakini ni nusu dawa: hukata picha juu na chini badala ya kuifungua pembeni, na ile ramani ya duara iliyo chini kushoto hubaki imevutwa. Atakaye picha inayojaa kioo bila kuharibika atumie programu mbili za marekebisho: Widescreen Fix ya mtengenezaji ThirteenAG pamoja na SilentPatch. Zote ni za bure na ni ndogo mno. Bando la kutazama video moja linazitosha. Faili zake huwekwa ndani ya folda ile ile yenye gta_sa.exe, wala si ndani ya folda nyingine uliyoitengeneza humo, na lazima pawe na kipakiaji cha faili za .asi (viongezeo vya gemu), ambacho mara nyingi huitwa dinput8.dll. Kuna mambo mawili huharibu kazi hii. Antivairasi huikamata dinput8.dll kimyakimya na kuiondoa, hivyo gemu hufunguka ikiwa vile vile na mtu akadhani dawa ni bandia. Pili, marekebisho mengi ya gemu hii yaliandikwa kwa toleo la 1.0, na ukiyatia kwenye toleo jingine ama hayafanyi lolote ama gemu hufa kabla ya menyu.

Ukibadilisha monita, au ukachagua rezolusheni isiyowezekana kwenye skrini yako, San Andreas inaweza kukupa weusi mtupu na usiweze kufika kwenye menyu ukarekebishe. Fungua Documents, kisha folda ya "GTA San Andreas User Files", ufute gta_sa.set peke yake. Gemu itaunda nyingine na kuanza upya kwa 800 kwa 600. Mpangilio wa vitufe utapotea, lakini faili zinazoanza na GTASAsf, ambazo ndizo maendeleo yako, zitabaki salama mradi hukuzigusa. Na tafadhali "Frame Limiter" iachwe imewashwa. Gemu ile ilipangwa kwa takriban picha 30 kwa sekunde. Ukiizima kwenye mashine ya kasi, CJ, mhusika mkuu, ataogelea polepole hadi misheni za majini zisimalizike.

Need for Speed Underground 2 ya mwaka 2004 haina skrini pana kabisa kwenye menyu yake. ThirteenAG ana marekebisho yake pia: yafungue ndani ya folda ya gemu, utaona folda ndogo ya "scripts" yenye faili ya mipangilio ya .ini. Mistari ya ResX na ResY ikiachwa sifuri, gemu huchukua rezolusheni ya skrini yenyewe. Yasipofanya kazi, weka kwanza sasisho rasmi la 1.2 la gemu.

Red Alert 2 ni rahisi zaidi kwa sababu ukubwa wa picha umeandikwa wazi katika faili ya ra2.ini, na katika ra2md.ini kwa Yuri's Revenge. Chini ya [Video] andika ScreenWidth=1366, ScreenHeight=768 na StretchMovies=no. Ikikataa 1366, andika 1360: namba ile haigawanyiki kwa 8, na programu nyingi za zamani haziipendi. Kwenye skrini ya 1920 kwa 1080 singependekeza ukubwa kamili. Vifaru havikui pamoja na rezolusheni, vinabaki na pikseli zile zile, na utajikuta ukiinamia kioo kutafuta askari. Nusu yake, 960 kwa 540, hupanuliwa sawasawa mara mbili kwenda juu na mara mbili kwenda pembeni, na macho hupumzika.

Kuna mitego miwili kwenye faili hizi za .ini. Notepad inaweza kuihifadhi kwa jina la ra2.ini.txt bila wewe kuona, kwa kuwa Windows huficha kiambishi cha mwisho. Washa "File name extensions" uone jina kamili. Mtego wa pili ni folda ya Program Files. Windows hailiruhusu gemu la zamani kuandika humo, hivyo huipa nakala iliyojificha katika AppData, Local, VirtualStore. Wewe unahariri faili moja, gemu inasoma nyingine, na saa nzima inapita. Weka gemu zote za zamani katika folda kama C:\Michezo na matatizo ya aina hii hayatakuwepo.

Zile nyasi za zambarau za Age of Empires II nazo zina maelezo yake. Gemu hiyo ya 1999 huchora kwa rangi 256 zilizo kwenye jedwali moja, na kwenye Windows Vista na 7, Explorer inayochora desktopu huliingilia jedwali hilo. Wazee wa gemu walizoea kuizima Explorer kwenye Task Manager kabla ya kucheza. Hufaulu, lakini sikushauri umfundishe mtoto kuzima desktopu. Afadhali programu ndogo ya cnc-ddraw: nakili ddraw.dll na ddraw.ini zake kwenye folda ya gemu, na ndani ya .ini weka fullscreen=true na maintas=true. Inachukua kazi ya uchoraji kutoka kwa DirectDraw ya zamani (sehemu ya Windows ya kuchorea picha), hivyo inatibu rangi na umbo kwa pamoja, na Red Alert 2 pia inaikubali.

Lakini kabla ya kulaumu gemu, toka uitazame desktopu. Ikiwa nayo ina rangi ngeni, shida ni kebo ya VGA. Upepo wa bahari hapa Pwani hula pini, kuanzia Malindi hadi Lamu. Pini ya bluu ikipoteza mguso, kila kitu huwa cha manjano. Ya kijani ikikosa, skrini huwa ya waridi. Nyekundu ikikosa, huwa samawati. Chomoa, safisha kwa spiriti ya kusafishia vifaa vya umeme, ikauke, uchomeke ukaze skrubu zote mbili. Na kama picha imesogea upande kila gemu inapofunguka, bonyeza kitufe cha Auto kwenye monita, basi.

Monita zile za inchi 17 zinazokuja na kompyuta za mtumba kutoka Uingereza, ambazo watu huziona takataka, zina pikseli 1280 kwa 1024. Kwa gemu hizi ndizo bora. Chagua 1280 kwa 960 na utapoteza pikseli 32 tu juu na 32 chini, bila marekebisho yoyote. Kibanda chenye nafasi ndogo na bajeti ndogo kingefanya vyema kuzitafuta badala ya kuzikimbia.

Wanaotumia televisheni kwa kebo ya HDMI hukumbana na jambo jingine: kingo za picha hukatwa, na saa au ramani ikapotea nje ya kioo. Televisheni yenyewe ndiyo inayokuza picha kama ilivyozoea kufanya kwa matangazo. Katika sehemu ya ukubwa wa picha tafuta "Just Scan" kwa LG au "Screen Fit" kwa Samsung. Ikiandika kwamba haitambui mawimbi mara gemu inapoanza, gemu imeomba rezolusheni au idadi ya picha kwa sekunde ambayo televisheni haiikubali. Rudisha kwenye hezi 60.

Gemu isiyo na marekebisho yake maalumu ijaribiwe na dgVoodoo 2, ambayo hutafsiri DirectX (njia ambayo gemu huchorea picha kwenye Windows) ya 1 hadi ya 9 kwenda DirectX mpya. Nakili faili za DLL kutoka folda ya MS, kisha x86. Msichukue x64 kwa sababu tu Windows yenu ni ya biti 64. Gemu zenyewe ni za biti 32. Kwenye dgVoodooCpl chagua kupanua kwa kuhifadhi uwiano, na uondoe alama kwenye "dgVoodoo Watermark", la sivyo nembo yao itakukalia kwenye kona.

Mwisho, diski. Gemu nyingi za miaka ile zililindwa dhidi ya kunakiliwa kwa SafeDisc, na Windows 10 ilipotoka mwaka 2015 haikuja na draiva inayohitajika na ulinzi huo. Ukiingiza diski halali, mshale ukazunguka kisha kukawa kimya bila hata ujumbe wa kosa, usipoteze jioni ukigeuza rezolusheni. Hapo ama unatafuta toleo la kidijitali la gemu hiyo, ama unaiachia kompyuta moja ya zamani yenye Windows XP isiyounganishwa na intaneti.

Fundi wa kompyuta,
Malindi.