Akaunti ya mchezo ikikataa kufunguka, kompyuta isifutwe

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi katika ukurasa wako wa barua ili niwafikie mafundi wa kompyuta, pamoja na wazazi ambao watoto wao hucheza michezo ya kompyuta nyumbani. Neno langu ni moja: kijana anaposhindwa kuingia kwenye akaunti yake ya michezo, kompyuta isifutwe. Kufuta diski na kusimika mfumo upya, kazi ambayo mitaani tumezoea kuiita "kupiga Windows", si tiba ya tatizo hilo, na mara nyingi huugeuza usumbufu wa siku moja kuwa hasara isiyofidika.

Nasema hivi kwa uchungu. Mpwa wangu, ambaye yuko kidato cha tano, alikaa siku nne bila kuweza kuingia katika akaunti yake ya Steam, duka la mtandaoni la michezo ya kompyuta. Kompyuta yake mpakato ni ya mtumba, iliyotoka Uingereza. Kila alipojaribu kuingia, programu ilimwambia kwamba imeshindwa kuunganishwa na mtandao, ilhali simu iliyokuwa ikiigawia kompyuta intaneti ilifungua kila kitu bila shida. Mama yake akaipeleka kwa fundi. Fundi akaiwasha, akaitazama kwa dakika chache, akasema ina virusi, akapiga Windows na kulipwa shilingi 30,000. Ilirudi nyumbani ikiwa tupu. Maelezo ya somo la Jiografia ambayo kijana alikuwa akiyaandika tangu siku ya kwanza ya kidato cha tano hayakuwamo, picha za harusi ya dada yake hazikuwamo, na mchezo wa mpira uliokula mabando ya wiki tatu kuupakua haukuwamo. Baada ya yote hayo, akaunti ilikataa kufunguka vilevile.

Nilipoketi nayo jioni ile, kitu cha kwanza nilichokitazama ni saa iliyo kwenye kona ya chini ya kioo, upande wa kulia. Ilionyesha tarehe 1 Januari 2015. Betri ndogo ya saa iliyomo ndani ya kompyuta, ile bapa ya volti 3 yenye alama ya CR2032, ilikuwa imekufa, na kwa kuwa betri kubwa nayo haikai na chaji, kila kompyuta ilipochomolewa kwenye umeme saa ilirudi mwanzo.

Huenda msomaji akajiuliza saa inahusiana vipi na akaunti ya mchezo. Programu inapotaka kuzungumza na seva, yaani kompyuta za kampuni zinazoihudumia kupitia intaneti, seva huonyesha kwanza cheti cha usalama, ili kompyuta ijue kwamba haizungumzi na tapeli. Cheti hicho kina tarehe ya kuanza kutumika na tarehe ya kwisha, na mnamo Septemba 2020 vivinjari vikubwa viliacha kukubali cheti kipya cha tovuti za umma chenye umri unaozidi siku 398. Kompyuta inayoamini kwamba tuko mwaka 2015 hukiona cheti cha leo kuwa ni cha miaka ijayo, hukikataa, na mazungumzo hukatika kabla hata nenosiri halijatumwa. Kijana hubadilisha nenosiri mara tano, hulia, hulaumu mtandao, na kumbe nenosiri lake lilikuwa sahihi tangu asubuhi. Betri yenyewe huuzwa kwa bei ya soda chache, na hata kabla ya kuinunua, kurekebisha tarehe kwa mkono kunatosha kuiruhusu programu iunganishwe.

Kuhusu saa kuna jambo jingine ambalo sisi wa Afrika Mashariki tunapaswa kulitazama kwa makini kuliko wengine. Kompyuta na simu nyingi za mtumba hufika zikiwa zimepangwa kwa majira ya London. Mwenye nayo huona saa imechelewa, naye badala ya kubadilisha majira huisukuma saa mbele mpaka ifanane na ya ukutani. Kwa macho imekaa sawa, lakini kifaa sasa kinaamini kwamba dunia nzima imetangulia kwa saa mbili au tatu. Wapo pia wanaoipanga kwa hesabu yetu ya Kiswahili, wakaandika 2:00 kwa kuwa ni saa mbili asubuhi, na kifaa kikaelewa kuwa ni usiku wa manane. Kosa la saa chache namna hiyo kwa kawaida halitoshi kukikataa cheti, lakini likiwa kwenye simu hudhuru programu zinazotoa namba za kuthibitisha, kama zile ambazo Epic Games, kampuni nyingine ya michezo, huruhusu mtu azitumie wakati wa kuingia. Namba hizo hukokotolewa kutokana na wakati wenyewe na hubadilika kila baada ya sekunde 30, kwa hiyo hata dakika chache za kutofautiana zinatosha kuifanya namba ikataliwe, hata kama mtu ameinakili bila kukosea. Wengi hutafuta Dar es Salaam katika orodha ya majira ya Windows na hawaioni. Wachague Nairobi, ambayo ni saa tatu mbele ya majira ya dunia kama sisi, kisha waiache kompyuta ijipange yenyewe kutoka kwenye intaneti.

Sasa nirudi kwa mpwa wangu, maana hapa ndipo ubaya wa kufuta kompyuta unapoonekana wazi. Baada ya kurekebisha tarehe, Steam ilifunguka, ikapokea jina na nenosiri, kisha ikaomba namba iliyotumwa kwa barua pepe. Huo ni ulinzi uitwao Steam Guard, uliopo tangu mwaka 2011, ambao huomba uthibitisho mtu anapoingia kutoka kwenye kifaa kisichojulikana. Kompyuta ile ilikuwa inajulikana. Kijana alikwisha kuithibitisha zamani, na alama ya kuaminiwa kwake ilikuwa imehifadhiwa ndani ya diski. Fundi alipofuta diski, alifuta na alama hiyo, na kompyuta ikawa mgeni mlangoni kwake yenyewe. Laiti angeitazama tarehe tu, kijana angeingia jioni ileile bila kuulizwa namba yoyote.

Barua pepe yenyewe nayo ilikuwa na kisa chake. Ilifunguliwa na mhudumu wa kafe ya intaneti wakati mtoto akiwa kidato cha pili, kwa nenosiri ambalo mhudumu aliliandika kwenye karatasi, na kwa namba ya simu ya mhudumu huyohuyo. Karatasi haipo, mhudumu amehama, na laini ile haipatikani tena. Nawasihi wazazi walitazame jambo hili leo, kabla mlango haujafungwa. Akaunti ya michezo ina thamani ya fedha, kwa kuwa ndani yake mna michezo iliyonunuliwa kwa miaka, na mwenye kuimiliki kwa kweli ni yule anayeshika barua pepe na namba ya simu iliyosajiliwa. Laini isiyotumika kwa muda mrefu hufungwa na kampuni ya simu, na namba yake huweza kuuzwa kwa mtu mwingine, ambaye ndiye atakayepokea ujumbe wa kuthibitisha. Barua pepe iwe ya familia, nenosiri lake liandikwe katika daftari linalokaa ndani ya nyumba, na anayetumia programu ya simu ya Steam aandike pia namba ya dharura anayopewa, ile inayoanza na herufi R, maana simu ikiibwa hiyo ndiyo njia fupi ya kurudi.

Yapo matatizo mengine ambayo nayo hupelekwa kwa fundi bila sababu. Ujumbe unaosema kwamba majaribio ya kuingia yaliyoshindikana kutoka kwenye mtandao wako ni mengi mno haumhusu aliyeketi kwenye kompyuta peke yake. Kampuni za simu huwaweka wateja wengi nyuma ya anwani moja ya intaneti, na katika kafe ni hivyo hivyo, kwa hiyo unaweza kufungiwa kwa makosa ya jirani usiyemjua. Subiri, au tumia mtandao mwingine. Anayecheza michezo ya EA, kampuni inayotengeneza michezo, aliyoinunua kupitia Steam atadaiwa akaunti mbili, moja ya Steam na nyingine ya EA, na nimeona wanafunzi wakiandika nenosiri la kwanza katika dirisha la pili kwa muda wa saa nzima.

Mahali pamoja nakubaliana na mafundi. Tangu tarehe 1 Januari 2024, Steam haihudumii tena Windows 7, 8 wala 8.1, na kompyuta nyingi za mtumba bado zinatumia mifumo hiyo. Hapo kusimika mfumo mpya kuna maana, ikiwa mashine ina uwezo wa kuubeba. Hata hivyo, kazi itanguliwe na kunakili mafaili ya mwenye mali kwenye diski ya nje. Hata michezo yenyewe inaweza kuokolewa: hukaa ndani ya folda iitwayo steamapps, na ukiinakili folda hiyo kisha ukairudisha mahali pake baada ya kusimika, Steam huikagua na kuitambua, na kijana hahitaji kupakua tena makumi ya gigabaiti kwa bando la kununua. Kazi hiyo huchukua muda wa kunywa chai mbili.

Wazazi nao wana sehemu yao. Steam hairuhusu mtoto wa chini ya miaka 13 kuwa na akaunti, na kwa waliofikia umri huo, tangu mwaka 2024 kuna mpango wa familia unaowaunganisha watu wasiozidi sita, ambamo mtu mzima anaweza kumsaidia mtoto kuirudisha akaunti aliyoipoteza. Ni bora mno kuliko kumwachia mtoto ahangaike kwa siri mpaka akutane na watu wa mtandaoni wanaoahidi "kurudisha akaunti" kwa ada. Watu hao humwomba nenosiri na ile namba ya kuthibitisha, na akishazitoa, akaunti imekwenda. Wengine huuza akaunti zilizojaa michezo kwa bei ya kutupa. Masharti ya Steam yanakataza kuuziana akaunti, na muuzaji anayeshika barua pepe ya mwanzo anaweza kuidai tena baada ya kupokea fedha. Anayelazimika kutumia kompyuta ya kafe aingie kwa kuipiga picha alama ya msimbo (QR) inayoonekana kwenye kioo, kwa kutumia programu ya simu ya Steam, njia iliyokuja mwaka 2022, ili asiandike nenosiri kwenye kibodi ya watu, na akumbuke kutoka anapomaliza.

Ombi langu kwa mafundi ni kwamba kabla ya kugusa diski ya mtu watazame tarehe ya kompyuta, wamuulize mwenye nayo kama akaunti hiyo inafunguka kwenye kifaa kingine, na wamwambie kinagaubaga kitakachofutwa, ili akubali au akatae akiwa anajua. Najua kwamba wateja ni wengi na kwamba kupiga Windows ni kazi inayolipa haraka. Lakini mteja anapokuja kwa ajili ya mchezo, kompyuta aliyoileta ni ileile anayosomea, na mara nyingi ni ya nyumba nzima.

Akaunti ya mpwa wangu ilirudi baada ya siku 12. Tuliandika kwa kitengo cha msaada cha Steam, tukaonyesha kumbukumbu ya malipo ya mchezo alioununua kwa kadi ya mama yake, wakaibadilisha barua pepe. Picha za harusi tumezipata nusu, kutoka kwenye simu za ndugu. Maelezo ya Jiografia anayanakili upya kwa mkono, kutoka kwenye daftari la mwenzake, kila siku baada ya chakula cha usiku.

Wako,
Mwalimu wa somo la kompyuta,
Morogoro