Barua ya malalamiko: kizuia mkunjo wa wakati kinachofuta ushahidi wake chenyewe

Mafundi wa maghala ya kahawa,
Masaka, Uganda.

Kwa Meneja, Huduma kwa Wateja.

KUH: KIZUIA MKUNJO CHA GHALANI NA MASHARTI YA DHAMANA YAKE

Tarehe hatukuiweka, na ni kwa makusudi. Dai letu la kwanza mlilirudisha mkisema lilipokelewa ofisini kwenu kabla kifaa hakijanunuliwa, kwa hiyo ni batili. Kampuni inayouza vifaa vya mkunjo ilipaswa kujua kwamba barua iliyoandikiwa ndani ya mkunjo huweza kuitangulia risiti yake.

Mkunjo wa ghalani hauji na radi wala vishindo. Dalili yake ni matokeo kutangulia sababu. Kiboko (kahawa inayokaushwa na maganda yake) kikiwa kibichi, kimemwagwa asubuhi, husoma asilimia 13 kwenye kipima unyevu kabla hakijaona jua. Kipimo hicho si cha uongo, ila ni cha mkopo: sharti kiboko kianikwe wiki zake mbili au zaidi na kigeuzwegeuzwe kila siku, ndipo deni liishe. Mwenye ghala akikiamini kipimo akatia kiboko kwenye magunia, deni hudaiwa usiku mmoja na kunakucha kahawa yote imeota ukungu. Kwa hiyo kizuia mkunjo, licha ya jina lake, hakizuii kitu. Kazi yake ni kupiga kengele na kuandika saa, ili ijulikane kipimo kipi ni cha mkopo.

Kengele yenu hailaumiwi. Inalia inapostahili, na mara nyingi kabla. Ubovu uko kwenye kumbukumbu.

Kwanza, saa imo ndani ya kisanduku, na kijitabu chenu kinaagiza kisanduku kifungwe ukutani ndani ya ghala. Kwatsi, yaani kipande cha fuwele kinachoiendesha saa, hutetema mara 32,768 kwa sekunde, na ndani ya mkunjo saa inaendelea kuhesabu mitetemo hiyohiyo, kwa kuwa nayo imekunjwa pamoja na kahawa. Haiwezi kujipima. Lazima iwepo saa ya pili, nje ya ukuta, ya kulinganishia. Saa ya kawaida ya kwatsi hupotea sekunde moja au mbili kwa siku, na joto la mabati huongeza kidogo, kwa hiyo zikisawazishwa kila asubuhi, tofauti isiyofika sekunde 5 isiitwe mkunjo. Kifaa chenu hakina hata tundu la kuchomekea waya wa saa ya nje.

Pili, na hili ndilo kubwa, programu yenu hukataa kumbukumbu yoyote yenye saa iliyo nyuma ya ile ya mwisho. Desturi hiyo inafahamika kwenye mita za umeme za tokeni, na huko ina maana yake: tokeni iliyopitwa au iliyokwisha tumika isiingie tena. Hata huko ilileta kazi, maana dakika zilizokuwa zikihesabiwa tangu 1993 zilifika kikomo tarehe 24 Novemba 2024, na mita zikabidi zibadilishiwe ufunguo. Lakini kwenye mkunjo, saa kurudi nyuma ndilo tukio lenyewe! Kifaa kinatupa kitu kilekile kilichonunuliwa kukikamata. Hata pasipo mkunjo hali ni hiyohiyo: betri ya kidonge ya volti 3 ikifa na umeme ukakatika, saa inarudi mwaka 2000, na kuanzia hapo hakuna kinachoandikwa mpaka fundi aje airekebishe.

Tatu, hatua ya 4 ya kijitabu: "Kengele ikilia, zima kifaa, kisha kagua." Kengele ya mkunjo hulia kabla ya sababu yake. Ukizima kifaa, sababu haifiki; isipofika, kengele haikulia; na kumbukumbu yake haipo. Kisha mnaandika kwamba "hakuna hitilafu iliyorekodiwa" na dhamana inakufa hapo. Mpangilio sahihi ni huu: acha kengele ilie, andika kwa kalamu saa ya nje na ya ndani, pima unyevu mara mbili, kwenye kona na mlangoni, na usizime chochote mpaka sababu ionekane. Kama sauti inakera, funga kitambaa kwenye spika.

Tunachodai si fedha tu. Badilisheni programu ili kila kumbukumbu ipewe namba ya mfuatano, na saa iandikwe pembeni kama maelezo, si kama sharti la kupokelewa. Kwa kuwa mkunjo mkubwa huweza kurudisha hata namba, nakala ikae kwenye kisanduku cha pili nje ya ghala, kwa waya wa mita 8 hivi; mafundi wa hapa watautoboea ukuta wenyewe. Hatua ya 4 ifutwe kwenye vijitabu vyote, vikiwemo vilivyokwisha uzwa. Na sharti la dhamana linalodai kumbukumbu ya ndani likubali daftari la kalamu lililotiwa sahihi na mwenye ghala na fundi.

Kisanduku kibovu kimetumwa kwa basi la Kampala. Kikiwafikia kabla ya barua hii, msikiwashe.

Wenu,
Mafundi, Masaka.