Nyembe Ndani ya Afro

Tanga, Jumapili usiku

Shoga yangu Zuhura,

Salamu nyingi, na pole na zamu za usiku. Sisi huku hatujambo, watoto wanakuulizia. Nakuandikia kwa sababu ya ile filamu ya Coffy, ya yule mwigizaji Mweusi wa Marekani Pam Grier, uliyoiacha katikati ulipokuja kwangu. Ulinyanyuka ukasema, "Huyu dada wanamuuza mwili tu." Sikukujibu, maneno yalinigomea. Tangu siku ile najibizana nawe kichwani, hata nikiwa jikoni.

Ulichosema kina ukweli. Mwanzoni mwa miaka ya 1970 kampuni za filamu Marekani ziliona kwamba kumbi za katikati ya miji zinajazwa na watazamaji Weusi, na zile ndogo zikakimbilia kuwatengenezea filamu za haraka, za fedha kidogo, zilizojaa bunduki, damu na wanawake waliovuliwa nguo. Pam Grier alikuwa mpokea simu wa kampuni ya filamu ya American International Pictures, Los Angeles, kabla ya kuangukia mikononi mwa mtayarishaji wa filamu Roger Corman. Akapelekwa Ufilipino, ambako gharama zilikuwa ndogo, akaigiza mfungwa katika The Big Doll House ya 1971. Baadaye akawa askari jela katili, kisha katika Black Mama White Mama akafungwa mnyororo mmoja na mwanamke Mzungu, wakatoroka wakivutana porini. Sikufichi, zile za jela hata mimi nazitazama kwa kurukaruka.

Lakini Coffy, ya 1973, uliiacha mapema mno. Coffy mwenyewe ni nesi kama wewe, Zuhura. Mdogo wake wa kike kaharibiwa na unga, naye anawasaka waliouleta, mmoja baada ya mwingine. Hukufika kwenye karamu. Wanawake wanagombana, vyakula vinaruka, mmoja anazikamata nywele za Coffy kwa nguvu zake zote. Mara anapiga yowe. Mikono inavuja damu. Ndani ya lile afro, kubwa kama kichaka, Coffy alikuwa amechomeka nyembe.

Nimeirudia sehemu hiyo sijui mara ngapi. Unakumbuka tulivyochomwa nywele kwa chanuo la moto ili zilale, sikio likiungua, tukiambiwa tutulie kwa sababu za kwetu ni ngumu? Mimi nilikuwa mtu mzima nilipoona kwa mara ya kwanza nywele kama zangu zikimlinda mwenyewe. Nililia, shoga. Pam walimwajiri kwa ajili ya umbo lake, hilo halina ubishi, ila mtazame macho anapomwelekezea mtu bunduki. Kabla ya hapo stelingi wa filamu hizo alikuwa mwanamume. Mwaka uleule akatokea pia Tamara Dobson katika Cleopatra Jones, lakini yule alikuwa na kampuni kubwa, Warner Bros., nyuma yake.

Katika Foxy Brown ya 1974 wanamtesa Pam kupita kiasi, na hapo nakubaliana nawe moja kwa moja. Mwaka uliofuata akatoa filamu tatu, Ms., jarida la kutetea wanawake, likamweka kwenye jalada, kisha wimbi lile likakatika na wenye kampuni wakageukia mambo mengine. Akabaki na nafasi ndogondogo. Mwaka 1988 akapatikana na saratani, madaktari wakampa miezi 18.

Basi tazama mwanzo wa Jackie Brown, ya 1997. Pam ana miaka 48. Kasimama kwenye njia inayojiendesha yenyewe, uwanja wa ndege wa Los Angeles, na sare ya bluu ya mhudumu wa ndege, tunamwona ubavuni. Hasemi neno. Hakuna anayemvua nguo. Kamera inakaa naye, inakaa tu, mpaka anashuka, anaharakisha, na mwisho anakimbia kuwahi kazini. Katika kitabu cha Elmore Leonard kilichozaa filamu hiyo, mhudumu huyo ni Mzungu, jina lake Burke. Mwongozaji wake, Quentin Tarantino, akampa jina Brown, kwa heshima ya Foxy Brown.

Zote mbili, Coffy na Jackie Brown, nimekuwekea kwenye flashi, nitampa dada yako akija Jumatano. Coffy anzia palepale ulipoachia, halafu nipigie hata kama ni usiku wa manane.

Wako akupendaye,
Saumu