Taarifa ya Mwaka ya Mwenyekiti: Tulichokipata Jaani

Ndugu wanachama,

Mkutano mkuu uliopita ulichagua mada ya maisha ya watu wa kawaida katika majimbo ya Dola ya Roma, na kamati ikaamua tuanzie jaani, yaani kwenye taka zao zilizochimbuliwa na wanaakiolojia. Baadhi yenu mlipinga, mkasema mahekalu na nguzo ndivyo vinavyovuta wanachama wapya. Baada ya mwaka mzima wa vikao nasimama na uamuzi ule. Nguzo hueleza nani alilipia jengo. Kwenye jaa tumepata walichokula, walichovaa, waliyekuwa wakimdai na maradhi yaliyowalaza.

Swali lililojirudia vikaoni ni kwa nini habari nyingi kiasi hiki zinatoka sehemu chache mno. Jibu liko kwenye hewa na unyevu. Mbao, ngozi, nguo na mafunjo huliwa na kuvu na bakteria, na wale wanaozimaliza upesi wanahitaji hewa na unyevu kwa pamoja. Kikikosekana kimoja, kitu kinadumu. Jangwa la mashariki mwa Misri halina unyevu, na matope mazito ya kaskazini mwa Uingereza hayapitishi hewa. Kwingineko, yaani sehemu kubwa ya Galia (Ufaransa ya leo), Hispania na Afrika ya Kaskazini, udongo una vyote viwili, na kinachosalia ni mawe, vigae, mifupa, metali na mbegu zilizoungua. Naomba kila mwanachama alikumbuke hili anaposoma kitabu chochote kuhusu majimbo haya. Tusipoona kiatu, haina maana watu walitembea peku.

Vindolanda

Ngome ya Vindolanda iko kusini kidogo ya Ukuta wa Hadrian, ukuta wa mpaka wa Warumi kaskazini mwa Uingereza, nayo ni kongwe kuliko ukuta wenyewe, ulioanza kujengwa mwaka 122. Ngome za mwanzo zilikuwa za mbao. Kikosi kilipohama, majengo yalibomolewa, na waliofuata wakasawazisha kiwanja kwa udongo wa mfinyanzi na mabonge ya nyasi kabla ya kujenga upya. Tabaka hilo likafunika kila kitu kama mfuniko wa chungu. Chini yake wachimbaji wamekuta kangaga zilizotandikwa sakafuni, maelfu ya viatu vya ngozi, na vibao vya maandishi.

Kibao ni ubao mwembamba wa mti wa kienyeji, unene wa milimita 1 hadi 3, ukubwa wa kadi ya posta. Mwandishi alitumia kalamu ya ncha ya chuma na wino wa kaboni, yaani masizi, gundi ya mgunga na maji. Barua ilikunjwa katikati, maneno yakabaki ndani na anwani nje. Mwanaakiolojia Robin Birley alipovitambua vibao vya kwanza mwaka 1973 vilifanana na maranda ya fundi seremala. Viwili vilivyogandana vilipotenganishwa michirizi ya wino ilionekana, kisha ikaanza kufifia kwa kukutana na hewa. Kilichookoa maandishi ni picha za miale ya infraredi: wino wa kaboni huinyonya miale hiyo wakati ubao uliogeuka mweusi huiakisi, kwa hiyo herufi hutokea nyeusi juu ya kijivu.

Utaratibu wa kukitoa kibao tuliujadili kwa kirefu, kwa sababu hapo ndipo uharibifu hutokea. Kipande hutolewa pamoja na bonge la udongo wake, bila kusuguliwa. Kinawekwa majini, kinasafishwa kwa brashi laini, kisha kinapitishwa kwenye spiriti na etha ili maji yaliyomo yaondoke na nafasi yake ichukuliwe na kimiminika kinachoyeyuka hewani bila kuvuta nyuzi za mbao. Baada ya hapo ndipo picha hupigwa. Ukikiacha kikauke juani, seli zilizokuwa zimesimama kwa kujaa maji hunywea, na ubao hujikunja na kupasuka pale palipo na maandishi.

Kibao namba 154 tulikisoma mstari kwa mstari. Ni hesabu ya tarehe 18 Mei ya Kikosi cha Kwanza cha Watungri, watu wa eneo ambalo leo ni Ubelgiji, kilichokaa Vindolanda. Jumla ni watu 752, wakiwemo maakida 6, wale ambao Warumi waliwaita senturio. Waliokuwa nje ya ngome ni 456 na maakida 5: 337 wako Coria, ambayo leo ni Corbridge, 46 ni walinzi wa gavana, na waliobaki wametawanyika kwenye vituo vingine. Ndani ya ngome wamebaki 296 na akida 1. Kati ya hao 15 ni wagonjwa, 6 wana majeraha na 10 wanaumwa macho. Wanaoweza kazi ni 265. Mtu akipima mabweni ya ngome na kuzidisha vitanda atapata kikosi kamili. Kibao hiki kinaonyesha kwamba siku ile zaidi ya nusu ya kikosi haikulala pale, na sioni ugunduzi mwingine wa majimbo ya kaskazini unaosahihisha michoro yetu ya ngome kwa nguvu kama huu.

Viatu navyo vimesema. Sheria ilimkataza askari wa kawaida kuoa, lakini viatu vya watoto vimepatikana hadi kwenye mabweni ya askari. Na kwenye nyumba ya kamanda Flavius Cerialis ilifika barua ya Claudia Severa, mke wa kamanda wa ngome nyingine, akimwalika Sulpicia Lepidina, mke wa kamanda huyo, kwenye sherehe ya siku yake ya kuzaliwa tarehe 11 Septemba. Karani aliandika barua. Mwishoni Severa akashika kalamu mwenyewe, akaongeza salamu na kumwita mwenzake dada na roho yake. Mistari hiyo ni miongoni mwa maandishi ya kale zaidi ya Kilatini yanayojulikana kuandikwa kwa mkono wa mwanamke.

Kuhusu chakula, kikao kilichozua mjadala mkubwa kilikuwa cha choo cha ngome ya Bearsden, kwenye ukuta wa Antoninus huko Uskoti. Mtaro wa choo ulimwaga uchafu kwenye handaki, ukakaa majini. Vipimo vya kikemia na vya hadubini vilionyesha ngano kwa wingi na nyama kidogo, pamoja na giligilani, mbegu za afyuni na za tini, ambayo haikutoka jirani. Kulikuwa pia na kuvumwani za kujisafishia. Pale pale yalikuwepo mayai ya minyoo. Bomba na mifereji ya Kirumi haikumkinga mtu na minyoo.

Misri na njia ya kuja kwetu

Hapa nianze na masahihisho. Kijarida chetu kiliandika kwamba mawe ya Mons Claudianus yalichongwa na watumwa na wafungwa. Tuliandika hivyo kwa mazoea, na ilikuwa kosa. Machimbo hayo yako jangwani kati ya Nile na Bahari ya Shamu, na ndiyo yaliyotoa nguzo za kijivu za ukumbi wa hekalu la Pantheon mjini Roma, kila moja kama mita 12. Uchimbaji wa akiolojia wa miaka ya 1987 hadi 1993 ulitoa vigae zaidi ya 9,000 vilivyoandikwa kwa wino, vingi kutoka majaani. Vinaonyesha mafundi huru Wamisri waliolipwa drakma 47 kwa mwezi pamoja na artaba moja ya ngano, kipimo cha takriban kilo 30, wakiagiza kwa barua sehemu ya mshahara ipelekwe kwa jamaa zao bondeni. Walikuwepo pia watu wa nyumba ya Kaisari, mtawala wa Roma, wenye posho ya namna nyingine.

Jaa la hapo limehifadhi hata majani ya mboga. Wachambuzi wa mimea walikuta mbegu zinazoonyesha kwamba mboga zililimwa pale pale jangwani, na pilipili manga kutoka India. Samaki waliletwa kutoka Bahari ya Shamu. Mifupa mingi ya wanyama ni ya punda: walibeba mizigo, na mwishowe wakaliwa. Nguzo moja ya takriban tani 200 bado imelala pale na ufa wake, ikiwa imefungwa kwa jaribio la kuitengeneza. Kwenye miamba bado zipo safu za mashimo ya kabari. Fundi alichonga mashimo kwa mstari mmoja na kupiga kabari kwa zamu, kidogo kidogo, hadi jiwe likapasuka. Shimo likienda upande au kabari moja ikipigwa zaidi ya nyingine, ufa huacha mstari na kazi ya wiki kadhaa hupotea.

Kusini zaidi, bandari ya Berenike ilichimbwa kuanzia mwaka 1994 na wanaakiolojia Steven Sidebotham na Willeke Wendrich. Kwenye ua wa hekalu la Serapis kulikuwa na mtungi wa Kihindi wenye kilo 7.55 za pilipili manga, wa karne ya 1. Nguzo za nyumba na vizingiti vyake vilikuwa vya msaji, mbao za jahazi zilizovunjwa na kutumika tena, kwa kuwa jangwani hakuna miti ya kujengea. Bandari hii inatugusa moja kwa moja. Mwongozo wa mabaharia wa Kigiriki wa karne hiyo hiyo, Periplus, unaeleza safari ya kushuka Azania, yaani pwani ya Afrika Mashariki, hadi mji wa biashara wa Rhapta, na kusema jina hilo limetokana na vyombo vilivyoshonwa. Msomaji wa Lamu au wa Pemba aliyesikia habari za mtepe hahitaji kuelezwa zaidi. Bidhaa zilizoshushwa zimetajwa: mikuki, mashoka, visu, misharasi ya kutobolea na vyombo vya kioo. Zilizopakiwa ni pembe za ndovu, pembe za kifaru na magamba ya ng'amba. Kwenye delta ya Rufiji, mwanaakiolojia Mtanzania Felix Chami alichapisha ushanga wa kioo aliouhusisha na biashara hiyo. Mahali hasa pa Rhapta bado panabishaniwa, na kamati inaomba wanachama waache kuchora nukta moja kwenye ramani zetu.

Mitungi ya mafuta

Kilima cha Testaccio, rundo la mitungi iliyovunjwa, kiko Roma, lakini kimejaa vigae vya jimbo la Baetica, kusini mwa Hispania. Kina kimo cha takriban mita 35, na wachambuzi wanakadiria mitungi milioni 53. Mtungi wake wa kawaida ni wa mviringo, kilo 30 ukiwa mtupu, na ulibeba lita 70 hivi za mafuta ya zeituni. Mafuta yaliyoingia kwenye kuta za mtungi huchacha, hivyo haukufaa kutumika tena. Ulivunjwa, vigae vikapangwa kwa ngazi na kunyunyiziwa chokaa kuua harufu. Mtafiti Mjerumani Heinrich Dressel, aliyeanza kuchunguza pale mwaka 1872, aliona kwamba shingoni na mabegani kuna wino: uzito wa mtungi mtupu, uzito wa mafuta, jina la mfanyabiashara, mahali pa ukaguzi na mwaka. Kwenye kishikio cha mtungi kuna muhuri wa tanuri. Mihuri hiyo hiyo imepatikana kwenye matanuri ya bonde la Guadalquivir, na hivyo shehena inafuatwa kutoka shambani hadi jaani.

Lakini kigae kina upendeleo wake. Divai nyingi ya kaskazini ilisafiri kwa mapipa ya mbao, na pipa huoza lisipofika kwenye maji. Tunayajua yale yaliyotumika tena kuzungushia visima, kama ya Silchester, mji wa Kirumi kusini mwa Uingereza. Anayehesabu mitungi peke yake atapunguza wanywaji wa divai bila kujua.

Kwa vikundi vinavyosoma ripoti za uchimbaji, kaguzi mbili zinatosha kuanzia. Angalieni kama udongo ulichekechwa na kwa wavu wa tundu gani. Panapotumika sepetu peke yake, mifupa ya ng'ombe hukusanywa, ya samaki na ndege hutupwa, na ripoti husema watu walikula ng'ombe tu. Kisha angalieni tarehe imetoka wapi. Sarafu ilizunguka miaka mingi kabla ya kudondoka, kwa hiyo hueleza tu kwamba tabaka halikufungwa kabla ya mwaka wa kugongwa kwake.

Fedha zimo kwenye taarifa ya mweka hazina.

Mwaka ujao kamati inapendekeza ngome ya Magna, jirani ya Vindolanda, ambako mradi wa miaka mitano ulianza 2023 kwa sababu ardhi yake ya mboji inakauka na hewa inaingia mahali ambapo zamani haikuwa ikiingia. Mwanachama anayetaka kuongoza kikao apeleke jina kwa katibu kabla ya mkutano, na aje na mchoro wa matabaka wa eneo alilochagua. Picha za vitu zitafuata baada ya mchoro.

Mwenyekiti