Wenye sura zao waone kwanza

Mhariri,

Mwaka 2006 niliandamana hapa Mwanza kuipinga filamu ambayo sikuwa nimeiona. Leo najicheka. Rais Kikwete alikuwa ameishutumu hotubani Darwin's Nightmare, ile ya Hubert Sauper ya mwaka 2004 juu ya sangara wa Ziwa Victoria, nasi tukatoka na mabango.

Baadaye niliiona kwenye CD ya kuazima. Mapanki, yale mabaki ya sangara, yamo, pamoja na funza wake, na funza hao nimewaona mwenyewe, kwa hiyo sitasema ni uongo. Viwanda vikishatoa minofu ya kwenda Ulaya, sisi tulilelewa kwa vichwa na mifupa. Ila mama yangu alikuwa akiyakaanga, akayaunga kwa nyanya na ndimu, nasi tukagombania macho ya samaki. Mtazamaji wa Paris hilo atalijulia wapi?

Ubishi wote wa wakati ule ulihusu jina la nchi. Serikali ilitetea heshima, mwongozaji akatetea ukweli wake. Mama anayeanika mapanki hakuwa na wakili.

Siku hizi hatumhitaji hata mzungu. Mwaka jana vijana wenye kamera walimpelekea shangazi yangu wa Igogo unga kilo 5. Wakamwomba avue kitenge kipya, avae kile cha shambani. Redio wakaiondoa mezani. Alipopokea mfuko alicheka, maana ndivyo alivyo, akiona wageni hucheka. Wakamwambia arudie, safari hii asicheke. Wiki haikuisha, wateja wake wa dagaa wakawa wanamwita Mama Unga.

Sisemi umaskini ufichwe. Wakubwa wanaotaka ufichwe mara nyingi wana lao. Ninachoomba ni kidogo: aliyerekodiwa aione kazi hiyo kabla ya mtu mwingine yeyote, aelezwe kwa Kiswahili au Kisukuma, na akisema "hapa kateni", pakatwe. Bodi ya Filamu ndiyo inayotoa vibali, basi sharti hilo liandikwe kwenye kibali. Na ridhaa isiombwe mtu akiwa ameshikishwa mfuko wa unga. Nani atakataa hapo, watoto wanamtazama?

Video ile shangazi alikuja kuonyeshwa na mjukuu wake, kwenye simu. Aliitazama mpaka mwisho, akauliza, "Mbona pale nilipocheka hapapo?"

Msomaji wako,
Nyakato, Mwanza