Wanawake waliochonga shaba wasiachwe nje ya historia ya sanaa

Mhariri,

Makala iliyochapishwa hivi karibuni katika ukurasa wenu wa utamaduni, kuhusu sanaa ya Ulaya kati ya karne ya 16 na ya 18, ilieleza kwamba wanawake wa enzi hizo walionekana zaidi ndani ya picha kuliko miongoni mwa waliozitengeneza. Kwa michoro mikubwa ya rangi iliyotundikwa makanisani na katika majumba ya watawala, dai hilo lina ukweli wake, ingawa hata huko walikuwapo akina Artemisia Gentileschi, mchoraji wa Italia. Tatizo ni kwamba mwandishi alilifanya dai hilo kuwa la sanaa yote bila kuzigusa picha za chapa, yaani zile zinazochapwa kwa wino kutoka kwenye bamba lililochongwa, ilhali huko ndiko majina ya wanawake yalikochongwa waziwazi, mara nyingi kwa mikono yao wenyewe.

Sababu yake haihitaji kutafutwa mbali. Karakana ya chapa mara nyingi ilikuwa sehemu ya nyumba, na binti wa mchongaji alikua akiona bamba likisuguliwa, wino ukichanganywa na karatasi zikianikwa, hivyo aliweza kujifunza kazi kwa baba au kaka bila kupitia katika vyuo vilivyomfungia mlango. Msichana hakuruhusiwa kukaa pamoja na wanaume kuchora mwili wa mtu aliye uchi, na bila mazoezi hayo ilikuwa vigumu kuaminiwa kutunga picha kubwa za dini na visa vya kale; lakini mchoro wa msanii mwingine ukishawekwa mezani ili auchonge kwenye bamba, kizuizi hicho kilipungua nguvu.

Wapo wanaodharau kazi ya aina hiyo wakiiita kunakili tu. Ningependa wajaribu. Bamba la shaba huwekwa juu ya mto mdogo wa ngozi uliojazwa mchanga. Mkono mmoja husukuma kalamu ya chuma yenye ncha iliyonolewa kwa mshazari, na mwingine hulizungusha bamba lenyewe kila mstari unapotakiwa kupinda, huku uzi mwembamba wa shaba ukinyanyuka mbele ya ncha kama udongo unavyopinduka mbele ya plau. Penye kivuli mistari hukatwa kwa kina na kupishanishwa, na penye mwanga huachwa myembamba au hukatizwa kuwa nukta. Kosa halifutiki: sehemu hiyo hukwanguliwa, kisha bamba hugongwa kwa nyundo kutoka nyuma mpaka uso ulingane tena, ndipo ichongwe upya. Maandishi nayo huchongwa kinyumenyume, kwa kuwa karatasi hutoa kila kitu kikiwa kimegeuzwa. Anayechonga hivyo huamua mwenyewe jinsi rangi, ngozi na kitambaa vitakavyogeuzwa kuwa mistari mitupu, na uamuzi huo haumo katika mchoro aliopewa.

Diana Scultori wa Mantua, nchini Italia, alijifunza kazi hiyo kwa baba yake, Giovanni Battista, aliyewahi kufanya kazi chini ya mchoraji na msanifu majengo Giulio Romano katika mapambo ya Palazzo Te, jumba la starehe la mtawala wa Mantua. Mwandishi na mchoraji Giorgio Vasari alipita Mantua mwaka 1566 na kumsifu binti huyo katika toleo la pili la kitabu chake kuhusu maisha ya wasanii, lililotoka mwaka 1568. Mwaka 1575 Diana alihamia Roma pamoja na mumewe, msanifu majengo Francesco da Volterra, na mwezi Juni mwaka huohuo akapata kwa Papa Gregory XIII hati ya kuzuia watu wengine wasinakili na kuuza chapa zake. Kati ya kazi alizotoa mwaka huo ni karamu ya arusi ya Cupid na Psyche, wapenzi wa hadithi za kale za Kirumi, iliyochongwa kwenye mabamba matatu ambayo karatasi zake zikiunganishwa huzidi upana wa meta moja, kwa kufuata kazi za Giulio za Palazzo Te. Aliweka jina lake kwenye kazi zake, na mwaka 1576 akachonga picha ya kichwa cha nguzo kwa undani ambao ungewavutia wajenzi na wateja wa mumewe. Huyu alijua soko, sheria na thamani ya jina lake. Kumwita msaidizi wa familia ni kumpunja.

Biashara nayo ina historia yake. Huko Antwerp, katika Ubelgiji ya leo, mchapishaji Hieronymus Cock alipofariki mwaka 1570, mjane wake Volcxken Diercx hakuifunga nyumba yao ya uchapishaji, iliyojulikana kwa ishara ya Pepo Nne, yaani upepo wa pande nne, bali aliiendesha kwa miaka 30 hadi kifo chake mwaka 1600. Mwaka 1572 alitoa mfululizo wa picha za sura za wachoraji mashuhuri wa nchi yake, na kwa kufanya hivyo alichangia kuamua ni nani wangekumbukwa. Bamba la shaba lilikuwa mtaji: aliyelimiliki aliweza kuchapa nakala kila wateja walipozihitaji. Claudine Bouzonnet-Stella wa Paris alilielewa hilo vyema. Baada ya kifo cha mjomba wake, mchoraji Jacques Stella, mwaka 1657, alipata kibali cha mfalme cha kuchapisha kazi za mjomba huyo, na baadaye akaorodhesha kwa mkono wake mali aliyokuwa nayo, mabamba yakiwemo.

Wapo pia waliobuni wenyewe. Geertruydt Roghman wa Amsterdam, katikati ya karne ya 17, alichonga picha tano za wanawake wakiwa kazini nyumbani: anayeshona, anayesokota uzi, anayepika chapati za maji, anayesugua vyombo. Huyo wa mwisho ametupa mgongo kabisa, na uso wake hatuuoni. Tunaona mikunjo ya nguo na sufuria iliyomshughulisha. Kwa maoni yangu, michoro mingi maarufu ya jikoni ya wakati wake haimkaribii mfanyakazi kwa heshima kama hiyo.

Maria Sibylla Merian, mchoraji wa Kijerumani wa wadudu na mimea, anajulikana zaidi, kwa hiyo sitakaa naye sana. Kitabu chake cha viwavi cha mwaka 1679 kina picha 50 alizozichonga mwenyewe. Kwa kile cha mwaka 1705 kuhusu wadudu wa Suriname, Amerika Kusini, chenye picha 60, aliwaajiri wachongaji kwa sehemu kubwa ya kazi. Baadhi ya nakala zilipatikana kwa kubana chapa iliyo bado mbichi juu ya karatasi nyingine, ili mistari itoke hafifu na picha, ikishatiwa rangi, ionekane kama mchoro wa mkono. Haki inadai tuongeze kwamba huko Suriname alisaidiwa na watumwa na wenyeji, na majina yao hayamo katika kurasa hizo.

Haya yote hayakugunduliwa jana. Katikati ya karne ya 19, Henrietta Louisa Koenen, ambaye mumewe alisimamia hazina ya taifa ya chapa mjini Amsterdam, alikusanya mamia ya chapa zilizotengenezwa na wanawake. Mkusanyo wake ulivuka bahari, ukaonyeshwa New York mwaka 1901, na sasa uko katika maktaba ya umma ya jiji hilo. Ushahidi umekuwepo kwa zaidi ya karne moja.

Picha ya chapa iliyopamba makala yenu ilikuwa imekatwa ukingo wa chini, mahali ambapo kwa desturi huandikwa aliyebuni, aliyechonga na aliyechapisha. Naelewa kwamba nafasi gazetini ni ndogo. Hata hivyo, naomba safari nyingine ukingo huo uachwe, au majina hayo matatu yaandikwe chini ya picha kama yanajulikana, na mwandishi wenu apewe nafasi ya makala ya pili itakayohusu chapa peke yake.

Msomaji wenu