Barua ya wazi kwa Mkuu wa NASA: Starliner isibebe mtu mpaka ijaribiwe nzima

Mkuu Jared Isaacman, salaam.

Nakuandikia kuhusu Starliner, chombo cha Boeing cha kubeba wanaanga, na nakuandikia wewe maana si mtu wa kusomewa ripoti tu, umeshapanda chombo cha kampuni binafsi mara mbili, 2021 na tena Septemba 2024, na hiyo ya pili uliondoka siku chache baada ya Starliner kutua New Mexico bila mtu ndani. Unajua kukaa kwenye kile kiti kunamaanisha nini.

Ombi langu ni moja, kijaribiwe chombo kizima, kila kitu kikifanya kazi pamoja, ndo watu warudi mle.

Desemba 2019 ilirushwa tupu, saa yake ikawa imekosea kwa masaa 11, kwahiyo ikadhani iko hatua nyingine kabisa ya safari ikaanza kuchoma mafuta mpaka kufika kwenye kituo cha kimataifa cha anga za juu ikashindikana. Baadae Boeing wenyewe wakasema programu ilijaribiwa vipande vipande, haikuendeshwa mfululizo toka kuruka mpaka kufika kituoni. Agosti 2021 vali 13 zikaganda kwa kutu hata kabla haijaruka. Mei 2022 ikafika kituoni ikarudi salama, tukashangilia kweli, halafu 2023 ikagundulika viungo vya parashuti ni dhaifu na tepu ya kwenye nyaya inaweza kushika moto.

Juni 2024 wakapanda Butch Wilmore na Suni Williams. Heliamu, gesi ya kusukuma mafuta kwenda kwenye injini, inavuja, na wakati wanakaribia kituo thrasta tano, zile injini ndogo za kukigeuza chombo, zikatoka kazini, Wilmore akashika usukani mwenyewe mpaka nne zikarudi. Hapa ndo panaponiuma Mkuu, kwasababu walipochunguza kule White Sands, kituo cha majaribio cha NASA New Mexico, ilionekana shida ni joto, thrasta zimebanwa pamoja ndani ya vibanda vilivyo ubavuni mwa chombo, zikiwashwa sana joto linajikusanya, kipande kidogo cha tefloni (aina ya plastiki) ndani ya vali kinavimba na kuziba njia. Majaribio ya kuziwasha kadhaa kwa pamoja zikiwa ndani ya kibanda kizima NASA iliyatangaza Machi 2025, yaani watu walishaenda na walisharudi. Hilo ni kosa la 2019 limerudi kwa sura nyingine!

Uamuzi wa Agosti 2024 wa kuirudisha tupu ulikuwa sahihi kabisa na walioufanya wanastahili heshima, Butch na Suni walikaa angani siku 286 lakini walirudi nyumbani wazima na Dragon, chombo cha kampuni ya SpaceX. Na hiyo Dragon nayo ililipuka Aprili 2019 kwenye jaribio la ardhini pale Cape Canaveral, vali ikavuja, kapsuli ikasambaratika, hakuna aliyeumia. Wakabadilisha mfumo, Januari 2020 wakajaribu kuokoa kapsuli roketi ikiwa angani, na Mei mwaka huohuo ikabeba watu. Mimi ule mlipuko nauhesabu kama maendeleo, tatizo lilijionyesha pale ambapo hakuna mtu wa kumuua.

Novemba 2025 NASA ilipunguza safari za Starliner toka sita mpaka nne na ya kwanza ikapangwa kubeba mizigo tu. Safi sana. Ila naogopa presha, mkataba wa dola bilioni 4.2 ni wa toka 2014, Boeing imeshapoteza zaidi ya bilioni 2, na kituo kinapangiwa kustaafu 2030, kwahiyo kila mwezi kutakuwa na mtu anasema twende tu muda unaisha. Usimsikilize. Safari ya mizigo ifanywe mtihani kamili, thrasta zifanyishwe kazi ngumu kama ile ya Juni 2024, matokeo yatolewe hadharani hata yakiwa mabaya, na zikigoma tena hata moja kwa sababu ya joto, isipewe mtu, hata kama hiyo inamaanisha kituo kitastaafu Starliner haijabeba mwanaanga mwingine.